Dola 29.99 inakatwa kila tarehe 4: nivunje abonema ao nifunge karte?

MamaBelAir (14 Aprili)

Jamboni wote. Naomba wanaojua mambo ya karte wanisaidie kusoma relevé yangu, karatasi ya banki inayoonyesha feza iliyoingia na kutoka. Konti ni ya dola, karte ni Visa ya debit, ajansi iko hapa Lubumbashi. Mistari nisiyoielewa ni hii:

21/01: dola 1.00, kisha haionekani tena
04/02: 29.99, jina la herufi kubwa nisilolijua, na namba ya simu ya Marekani pembeni
04/02: «commission» 0.90 na «TVA» 0.14
04/03: 29.99, tena 0.90 na 0.14
04/04, 07/04, 11/04: «frais de rejet» 1.00 na TVA 0.16, kila mara

Tarehe 21 Januari niliweka programu ya kutengeneza picha, siku 14 za bure, nikaandika namba za karte. Niliifuta kwenye telefone kabla siku 14 hazijaisha. Mwezi wa tatu nilitoa feza yote kwenye konti, na sasa naona banki yenyewe imeanza kukata.

Wanakataje bila kunitumia kode? Kwenye gishe wananiambia nifanye «opposition», karte ifungwe: ni sawa? Na feza iliyokwisha kwenda inaweza kurudi?


KarteNaKonti

Mama, usifunge karte bado. Tupange kwanza mistari, inajieleza yenyewe.

Dola 1.00 ya tarehe 21 si malipo. Muuzaji alipiga hodi kwenye karte aone kama iko hai. Banki inashikilia kiasi hicho siku chache, kisha inakiachilia. Wengine wanapiga hodi na 0.00, na hapo huoni kitu kabisa. Hesabu siku 14 toka siku hiyo, unafika tarehe 4 Februari, siku ile ile 29.99 ya kwanza ilitoka. Kwa hiyo hakuna mtu aliyeiba namba zako. Ni jaribio la bure lililogeuka abonema, yaani malipo yanayojirudia kila mwezi.

0.90 ni asilimia 3 ya 29.99, commission ya banki yako kwa malipo ya nje. 0.14 ni TVA, kodi ya serikali ya asilimia 16 juu ya commission hiyo. Kila mwezi ulikuwa unatoa 31.03, miezi miwili 62.06. «Frais de rejet», anazokata banki kila ombi la muuzaji likikataliwa, ni tatu: 3.48. Jumla 65.54. Igawe sasa hivi, kwa sababu ina wenyewe wawili: 59.98 iko kwa muuzaji, 5.56 iko kwa banki. Utakapodai, unadai kila mmoja cha kwake.

Kode inaombwa wakati wewe ndiye unayelipa. Ulipoandika karte tarehe 21 ulitoa ruhusa, pengine hata kode ilikuja siku hiyo. Toka hapo muuzaji anatuma ombi peke yake, lenye alama inayosema mteja hayupo, alikwisha kukubali. Banki ikiona alama hiyo haiulizi kode. Ndiyo maana kuzima «paiement en ligne» kwenye programu ya banki hakutoshi kila mara: kwa banki fulani swichi hiyo inazuia malipo mapya tu. Waulize kabla ya kuitegemea.

Na kufuta programu hakugusi abonema. Abonema haikai kwenye telefone, inakaa kwa muuzaji.

Sasa itafute ilipo. Jina la kwenye relevé linakuonyesha mlango:

Likianza na GOOGLE * ilipitia Google. Fungua Play Store, gusa picha yako juu, «Paiements et abonnements», kisha «Abonnements». Kama telefone ina adresi za Gmail mbili ao tatu, badilisha moja moja. Wengi wanatazama moja tu na kusema hakuna kitu.

Likiwa APPLE.COM/BILL, ni «Réglages», jina lako, «Abonnements».

Likianza na PAYPAL * ingia PayPal kwenye «Paramètres», «Paiements», «Paiements automatiques». Hapo unaondoa ruhusa ya muuzaji yule, si ya karte nzima.

Likiwa jina lingine lolote, kama lako, basi uliandika karte moja kwa moja kwenye tovuti ya muuzaji. Play Store haitakuonyesha chochote. Tafuta kwenye e-mail: andika «essai», «abonnement», «reçu», «facture», kisha kiasi chenyewe, 29.99 na 29,99, maana wengine wanaandika kwa nukta na wengine kwa mkato. Tazama na «spam». E-mail ya tarehe 21 Januari ndiyo yenye jina la kweli la huduma na adresi uliyojisajilia.

Angalizo moja. Ukiandika jina lile la herufi kubwa kwenye Google, utakutana na tovuti zinazosema zitakuvunjia abonema, zinaomba namba kamili ya karte na tarakimu tatu za nyuma. Usiwape. Muuzaji wa kweli anakupata kwa e-mail yako, ao kwa tarakimu nne za mwisho, tarehe na kiasi. Hizo tatu za nyuma hana kazi nazo.


Kijana_Kamalondo

Yote hiyo ya nini? Mama aende banki, achukue karte mpya, namba mpya. Hawatapata kitu tena. Mambo kwisha.


KarteNaKonti

Mdogo wangu, si lazima kwishe. Visa na Mastercard zote zina huduma inayopeleka namba mpya kwa wauzaji waliokuwa na ile ya zamani, ili abonema za watu zisikatike kila karte inapoisha muda. Kwa Visa inaitwa Account Updater, kwa Mastercard Automatic Billing Updater. Inafanya kazi ikiwa banki yako na banki ya muuzaji zimejiunga nayo. Banki nyingi hazimwambii mteja kama zimejiunga. Unalipa karte mpya, na mwezi unaofuata mstari ule ule unarudi.

Tena karte mpya haivunji mkataba. Kwenye daftari la muuzaji mama bado ni mteja anayedaiwa. «Opposition» ina kazi yake, lakini ni kwa karte iliyopotea, ao iliyotumiwa na mtu usiyemjua mahali usipojua. Mtu akiona malipo matano ya maduka tofauti kwa usiku mmoja, hapo ndiyo, afunge mara moja, maswali baadaye.


Mhasibu_Kampemba

Naongeza upande wa kudai, kwa sababu hapo ndipo watu wanapoteza kesi waliyoweza kushinda.

Kwenye fomu ya «contestation», ya kupinga malipo, banki inakuuliza sababu. Watu wanaandika «fraude» wakidhani neno kali linasaidia. Kwa kesi ya mama linaharibu. Kwa Visa, udanganyifu wa karte kwenye mtandao ni sababu namba 10.4. Muuzaji atajibu kwa kuonyesha e-mail iliyosajiliwa, aina ya telefone, siku na saa programu ilitumiwa, na kama kode iliingizwa siku ya kwanza, hiyo pia. Banki inasoma, inafunga faili. Zaidi ya hapo, ukisema fraude banki inalazimika kufunga karte, na hilo hatulitaki.

Sababu zinazokuhusu ni mbili. 13.2 ni abonema iliyovunjwa lakini muuzaji akaendelea kukata. Hiyo inataka uwe ulivunja kabla ya siku ya kukatwa, na una ushahidi wenye tarehe. Kwa Februari na Machi huna, kwa sababu ulifuta programu tu. Utakuwa nayo kwa chochote kitakachokuja baada ya leo. 13.5 ni muuzaji ambaye hakuweka masharti wazi. Toka Aprili 2020 Visa inamtaka anayetoa jaribio apate kibali cha wazi cha mteja, amtumie nakala ya masharti kwa njia ya elektroniki hata kama siku ya kwanza hakuna kilicholipwa, amkumbushe siku 7 kabla ya kukata, na ampe njia nyepesi ya kuvunja kwenye mtandao. Kwa hesabu yako, ukumbusho ulipaswa kuingia kufikia tarehe 28 Januari. Utafute. Ukikosekana, hoja yako ya Februari ndiyo hiyo. (Wenye Mastercard: banki itaandika 4853 kwa mambo haya, na 4837 kwa fraude.)

Muda ni siku 120 toka malipo yalipopita. Ya 4 Februari inaishia 4 Juni. Ya 4 Machi inaishia 2 Julai. Lakini hizo siku ni za banki kupeleka faili kwenye mtandao wa Visa, si za wewe kufika gishe. Faili linatoka ajansi, linaenda siège, makao makuu ya banki, linakaa mezani kwa mtu. Jipe angalau wiki tatu za akiba. Ukileta barua tarehe 2 Juni, ya Februari ihesabu imekufa.

Kabla ya banki, mwandikie muuzaji. E-mail fupi, Kifaransa ao Kiingereza: adresi uliyojisajilia, tarehe mbili, kiasi, tarakimu nne za mwisho, kwamba hukuitumia huduma baada ya jaribio, na kwamba ukumbusho hukupata kama kweli hukupata. Omba 59.98. Mpe siku 10. Wengi wanarudisha angalau mwezi wa mwisho bila vita, kwa sababu kila contestation inamgharimu muuzaji pesa kwa banki yake, na zikiwa nyingi Visa inamfuatilia. Hiyo ndiyo nguvu pekee uliyo nayo juu yake, itumie kwa adabu.

Akikataa ao akinyamaza, nenda ajansi na barua katika nakala mbili. Barua ziwe za Kifaransa, ndiyo lugha inayosomwa banki. Mwili wake hauzidi mistari hii:

«Je soussigné(e)…, titulaire du compte n°…, conteste les opérations ci-dessous effectuées avec ma carte se terminant par …. Motif: conditions de renouvellement non communiquées à la fin de l'essai gratuit. Abonnement résilié le …. Demande de remboursement adressée au commerçant le …, restée sans suite.»

Chini weka jedwali: tarehe, jina kama lilivyoandikwa kwenye relevé bila kubadilisha hata herufi, kiasi. Fungasha relevé, picha ya ukurasa wa kuvunja, e-mail zako, kopi ya kitambulisho. Nakala ya pili ipigwe mhuri wa «accusé de réception», kwamba imepokelewa, na tarehe. Bila mhuri barua yako haijafika, hata kama umempa meneja mkononi.

Commission na TVA yake, 1.04 kila mwezi, hazirudi na contestation. Visa inarudisha cha muuzaji tu. Ziombe kwa aya ya pili, kama «geste commercial», hisani ya banki kwa mteja. «Frais de rejet» nazo ni aya hiyo hiyo. Zinarudi ao hazirudi, inategemea meneja.


MamaBelAir

Aksanti sana, papa, na wewe KarteNaKonti. Nimetafuta. Play Store hakuna kitu kwenye adresi zote mbili. E-mail ya 21 Januari ipo, ya tovuti yao, ina bei kwa maandishi madogo chini kabisa. Ya tarehe 28 hakuna, hata kwenye spam. Nimeingia kwenye tovuti nivunje, lakini inasema malipo ya Aprili hayajapita, nilipe kwanza 29.99 ndipo kitufe cha kuvunja kifunguke. Nilipe?


KarteNaKonti

Hapana. Ukilipa unafungua tena mwezi, na unawapa ushahidi kwamba uliendelea kukubali.

Piga picha ya ukurasa huo, tarehe na saa ya telefone zionekane. Kisha tuma e-mail kwa adresi ya msaada iliyo kwenye ile e-mail ya 21 Januari, kutoka adresi ile ile uliyojisajilia: «Je résilie mon abonnement avec effet immédiat et je retire l'autorisation de débiter ma carte.» Hiyo inatosha kuwa taarifa ya kuvunja. Kitufe chao si sharti la wewe kuvunja. Kikifungwa nyuma ya malipo, hiyo inaingia moja kwa moja kwenye hoja aliyoandika Mhasibu, ya njia nyepesi ya kuvunja. Jibu lolote la roboti lenye namba ya faili, litunze.

Ufute pia karte kwenye ukurasa wa malipo ikiwa wanaruhusu. Mara nyingi hawaruhusu karte ya mwisho iondoke. Usiweke namba za uongo.

Kuhusu konti tupu: kutoa feza yote hakuzuii kitu, kunaleta «frais de rejet». Ombi likikataliwa, mashine ya muuzaji inajaribu tena baada ya siku tatu, nne, wiki. Kwako ilikuwa 4, 7, 11. Visa inaruhusu majaribio hadi 15 ndani ya siku 30 kwa ombi moja, na kwa 1.16 kila moja, hiyo ni 17.40 kwa mwezi ambao hukununua chochote. Halafu siku mshahara unaingia, jaribio linalofuata linapita. Ukienda banki, usiseme «opposition». Sema wazuie muuzaji huyu peke yake, «bloquer ce commerçant», na uwape jina la kwenye relevé. Visa inayo huduma ya namna hiyo. Kama kijana wa gishe haijui, aulize «service monétique», ndiyo ofisi inayoshughulika na karte. Gishe mara nyingi inajua vitu viwili tu, kufungua na kufunga.


Kijana_Kamalondo

Sawa, nimeelewa ya karte. Lakini yaya, na zile abonema zinazokula unités, salio la simu? Kila asubuhi SMS ya mpira na unités zinapungua.


KarteNaKonti

Hiyo ni njia nyingine, banki haimo. Namba fupi inayokutumia SMS ndiyo unayoijibu na neno STOP. Kama inarudisha ujumbe kwamba neno si sahihi, piga huduma ya wateja ya mtandao wako, uombe wakutolee abonema zote za SMS kwenye namba yako na wakutajie zilikuwa ngapi. Ziko zinazoingia kwa kugusa tangazo tu. Wakikataa, mamlaka ya simu ni ARPTC.


Mhasibu_Kampemba

Mama, kukosa ile ya 28 Januari kunakupa nguvu kwa Februari. Machi ni dhaifu zaidi, kwa sababu watasema uliona kukatwa mara moja ukanyamaza. Dai zote mbili hata hivyo, kwa mistari miwili tofauti. Zikiwa kwenye mstari mmoja wa 59.98, moja ikianguka inaanguka na nyenzake.

Bei ya maandishi madogo usiifiche. Weka e-mail yote kwenye faili. Muuzaji ataileta, na ikionekana wewe uliikata, hata hoja yako nzuri haisomwi.

Banki ikikujibu hapana kwa mdomo, omba jibu la maandishi. Hatua inayofuata ni «service réclamations», ofisi ya malalamiko, ya siège, baadaye Banque Centrale du Congo, ambayo ina ofisi hapa hapa Lubumbashi. Kote huko wataanza kwa kuuliza ule mhuri wa accusé de réception.


Dada_Golf

Kwa wanaotaka kujaribu vitu vya bure bila kuingia humo: chukua karte prépayée ya pembeni, isiyoguswa na mshahara, weka kiasi cha kazi moja. Lakini soma bei zake kwanza, ziko zinazokata kila mwezi hata zikiwa tupu, na hiyo yenyewe ni abonema. Na siku ya mwisho ya jaribio ihesabuni vizuri. Saa za kampuni nyingi ni za Marekani ya magharibi, mwezi wa pili sisi Lubumbashi tunawatangulia kwa saa 10. Kwa Apple wenyewe wanasema uvunje angalau siku moja kabla. Kwa wote, vunja siku unayojisajili: mara nyingi siku za bure zinaendelea hadi mwisho hata ukivunja, na pale ambapo haziendelei wanakuandikia kabla hujabonyeza.


MamaBelAir

E-mail imeenda leo saa 9 alasiri, jibu la roboti limekuja na namba. Kesho naenda monétique. Swali la mwisho: nirudishe feza kwenye konti lini?


Mhasibu_Kampemba

Baada ya kupata maandishi kwamba muuzaji amezuiwa, si kabla. Halafu chungulia 4 Mei na wiki moja mbele yake. Malipo ya muuzaji yakipita tena, mstari huo sasa ni 13.2 safi, una taarifa ya 14 Aprili nyuma yake. Upeleke kwenye barua yake peke yake, usiuchanganye na ile ya Februari na Machi.